Kamera iliyomsubiri rais mlangoni: kisa cha kampuni ya Edison kwenye maonyesho ya Buffalo, 1901

Alasiri ya Ijumaa, tarehe 6 Septemba 1901, kamera ya kampuni ya Thomas Edison ilikuwa imeshasimikwa nje ya ukumbi ulioitwa Temple of Music, mjini Buffalo, jimbo la New York. Kazi ya siku hiyo ilikuwa nyepesi. Rais William McKinley angemaliza kupeana mikono na wananchi, angetoka mlangoni, mpiga picha angezungusha kishikio chake kwa dakika moja au mbili, basi. Lakini saa kumi na dakika saba kijana wa miaka 28, Leon Czolgosz, alimfikia rais kwenye foleni akiwa amefunga mkono kwa leso kama mtu aliyeumia. Ndani ya leso mlikuwa na bastola. Alifyatua mara mbili.

Kilichoingia kwenye filamu ni umati. Kamera inageuka taratibu, na unachokiona ni migongo, kofia na mabega yanayosukumana kuelekea ukumbini. Rais haonekani, muuaji haonekani. Ukiitazama bila kuambiwa chochote, unaweza kudhani watu wanagombea tiketi. Kampuni iliiuza hivyo hivyo, na katika orodha yake ya bidhaa haikuficha kitu: ilieleza kwamba picha iliyokusudiwa ilikuwa ya rais akitoka, na kwamba shambulio ndilo lililoizuia.

Wengi wanaosimulia kisa hiki huanzia kwenye risasi. Mimi naona tuanzie kwenye stendi ya kamera, kwa sababu jinsi ile kamera ilivyogeuka kuufuata umati, huo mgeuko ulitoka mbali, na baadaye ulikwenda mahali ambapo hakuna aliyepanga.

Aliyekuwa mkuu wa idara ya filamu ya kampuni hiyo aliitwa James H. White. Jina la Edison ndilo lililokuwa juu ya kila tangazo, lakini Edison mwenyewe miaka hiyo alikuwa amezama kwenye betri na mambo mengine. Filamu zilikuwa biashara yake, kazi ilikuwa ya White. Huyu hakuwa mtu wa kukaa ofisini. Kati ya 1897 na 1898 alizunguka na kamera magharibi mwa Marekani, Mexico, mpaka Japani na China, na safari ile ilisaidiwa na makampuni ya reli na meli yaliyotaka abiria. White alipiga picha za mandhari, makampuni yakapata matangazo, na Edison akapata filamu za kuuza. Kila mtu alitoka na chake. Ndivyo alivyojifunza kwamba filamu ya mahali inaweza kulipiwa na mwenye mahali.

Mwaka 1900 alivuka bahari kwenda kwenye Maonyesho ya Dunia ya Paris. Huko alipanda na kamera yake kwenye lifti ya mnara wa Eiffel, akapiga njia ya kutembea inayojiendesha yenyewe, akapiga viwanja na kumbi. Tena alikuwa na kifaa kipya: kichwa cha stendi kinachozunguka. Leo simu yoyote inageuzwa kwa kiganja, kwa hiyo inabidi nieleze kidogo. Kamera ya wakati ule lilikuwa sanduku zito la mbao, na mpiga picha aliyasogeza mambo yote kwa mikono. Mkono mmoja ulizungusha kishikio cha filamu kwa mwendo ule ule, bila kuharakisha wala kuchelewa. Mwingine uligeuza kichwa cha stendi. Ukikosea mmoja, picha inaruka. Ukikosea mwingine, majengo yanayumba kama mlevi. Lakini ukipatia, mtazamaji aliyeketi ukumbini New York anapata kitu ambacho picha ya kawaida haiwezi kumpa: anageuza shingo akiwa Paris.

Maonyesho ya dunia yaliihitaji sana shingo ile. Kumbi zake zimejengwa zionekane kwa pamoja, zikiuzunguka uwanja, mnara ukifunga upeo wa macho. Picha moja iliyosimama huona ukumbi mmoja tu. Kamera inayogeuka huona mji.

Maonyesho ya Buffalo yalifunguliwa Mei 1, 1901, yakafungwa Novemba 2. Yaliitwa Maonyesho ya Nchi za Amerika, na hoja yake kuu ilikuwa umeme. Maporomoko ya Niagara yako karibu, na tangu 1896 umeme wake ulikuwa ukifika Buffalo kwa waya. Waandaaji wakajenga mnara wa umeme wenye kimo cha zaidi ya mita 110, wakayapaka majengo rangi nyingi kiasi kwamba watu waliuita Mji wa Upinde wa Mvua, kisha wakavisha kila ukingo, kila nguzo na kila kuba balbu ndogo ndogo, mamia ya maelfu kwa jumla. Jioni taa hazikuwashwa kwa mpigo. Mkondo uliongezwa pole pole, balbu zikaanza na wekundu wa kaa la moto, zikapanda mpaka mwanga kamili, huku maelfu ya watu wamesimama wakitazama juu.

White na wenzake walipata ruhusa ya kupiga picha ndani ya viwanja, wakafanya kazi msimu mzima. Walipiga gwaride la sherehe ya uzinduzi ya Mei 20. Walipanda lifti ya mnara. Walipanda mashua kwenye mifereji iliyozunguka viwanja na kutengeneza filamu ya zaidi ya futi 600, yaani dakika kama kumi, urefu wa kustaajabisha kwa mwaka ule: kingo zinapita, madaraja yanapita juu ya kichwa, watu kwenye ngazi wanaiangalia kamera kuliko kamera inavyowaangalia wao. Hii ndiyo ninayoipenda kuliko zote. Haina kisa, haina shujaa, na bado huwezi kuiacha njiani.

Biashara ilikuwa nzuri kwa sababu nyingine pia. Julai 15 mwaka huo mahakama iliipa kampuni ya Edison ushindi katika kesi ya hataza dhidi ya mshindani wake mkubwa, Biograph. Ushindi huo ulitenguliwa Machi 1902, lakini kwa miezi ile minane Edison alitembea kifua mbele, na msimu wa Buffalo ukaangukia humo humo.

Nisiyapite kimya maonyesho ya watu. Sehemu ya burudani ilikuwa na vijiji vya kuigiza: kijiji cha Kijapani, kijiji cha Waeskimo, hata kijiji kilichopewa jina la Afrika ya Giza Nene, na Waafrika halisi wakikaa humo ili watazamwe. Kamera ya Edison iliwapiga picha Waeskimo wakirukiana migongo na kuendesha sleji za mbwa kando ya dimbwi, na barafu nyuma yao ni ya plasta iliyopakwa rangi, kwenye joto la Buffalo. Utaona kwenye filamu hizo jambo litakalorudi baadaye: watu wa kweli, mbele ya ukuta wa uongo, na mtazamaji hapewi nafasi ya kutenganisha.

Septemba 5 ilikuwa Siku ya Rais. McKinley alisimama kwenye jukwaa lililopambwa bendera na kuhutubia watu waliokadiriwa kufika 50,000. Katika hotuba hiyo alisema maonyesho ndiyo yanayotunza saa ya maendeleo. Waandaaji wasingeweza kununua tangazo bora zaidi, na kamera ya Edison ilikuwepo. Tatizo ni kwamba filamu ilikuwa bubu. Unamwona mtu mnene aliyevaa koti jeusi akisogeza midomo, na maneno ambayo magazeti yaliyachapa kesho yake hayamo. Msimamizi wa onyesho, popote filamu ilipofika, ndiye aliyesimama kando ya kitambaa na kuwaambia watu rais anasema nini. Tukumbuke hilo: wakati huo mtayarishaji aliuza vipande kwa futi, na aliyevipanga, akavipa maneno na kuamua kipi kitangulie, alikuwa mwenye ukumbi.

Kesho yake ndiyo ile Ijumaa. James Parker, mhudumu wa mgahawa, mtu Mweusi aliyekuwa nyuma ya Czolgosz kwenye foleni, alikuwa miongoni mwa waliomrukia na kumwangusha. Rais alikimbizwa kwenye hospitali ndogo ya maonyesho. Katika viwanja vilivyojaa balbu kila pembe, madaktari walimpasua kwenye chumba chenye mwanga hafifu, na mmoja wao alishika kioo ili kuelekeza jua la jioni kwenye jeraha. Risasi moja haikupatikana. Mashine ya eksirei ilikuwa imewekwa humo humo kwenye maonyesho kama ajabu ya kutazamwa, haikutumika. Edison alituma nyingine kutoka kwake New Jersey, nayo haikutumika. Rais alifariki usiku wa kuamkia Septemba 14 kwa jeraha lililooza ndani, na Theodore Roosevelt akaapishwa siku hiyo hiyo mjini Buffalo.

Sasa tufikirie kama White. Una filamu za msimu mzima zinazosifu mahali ambapo rais ameuawa. Una dakika chache za hotuba yake ya mwisho, ambazo jana zilikuwa tangazo na leo ni mali isiyo na mfano. Una picha ya umati isiyoonyesha kitu. Na nchi nzima inataka kuona.

Alichofanya kwanza kilikuwa sahihi, na nasema hivyo bila kusita. Kamera zake zilifuata jeneza: Buffalo, kisha Washington, kisha Canton, Ohio, nyumbani kwa marehemu. Mvua, farasi, askari, mlango wa treni unaofunguliwa, jeneza linalobebwa kwa mabega. Picha hizi ni za heshima, hazina mbwembwe, na mwenye ukumbi angeweza kuzipanga kwa mfululizo: rais akihutubia, umati, msiba wa Buffalo, msiba wa Washington, Canton. Watu wa miji ya mbali waliokusanyika ukumbini waliona msiba wa taifa ukisafiri hatua kwa hatua. Vipande vilivyopigwa kutangaza maonyesho viligeuka kuwa sura ya kwanza ya habari ya kifo. Hakuna kilichobadilishwa ndani ya filamu ya hotuba. Kilichobadilika ni kile kilichofuata baada yake.

Hapo ndipo anapoingia mtu wa pili katika kisa hiki, Edwin S. Porter. Alijiunga na kampuni mwishoni mwa 1900. Kabla ya hapo alikuwa mwendesha mashine ya filamu kwenye Eden Musée, jumba la sanamu za nta la New York, na kazi yake huko ilikuwa hiyo hiyo ya mwenye ukumbi: kuchukua vipande vya watu tofauti na kuvishona viwe onyesho moja. Wapiga picha wengi wa enzi hizo walifikiri kwa kipande kimoja. Porter alifikiri kwa mshono.

Oktoba, wakati maonyesho yamebakiza wiki chache na huzuni imetanda, Porter alitengeneza filamu ambayo kwa kazi ya mikono naiona ndiyo kilele cha msimu: Buffalo usiku. Ugumu ulikuwa mkubwa. Filamu ya siku zile ilihitaji jua kali. Balbu, hata zikiwa laki ngapi, hazikuitosha kwa mwendo wa kawaida. Ikabidi kila fremu ipewe muda wake wa kunywa mwanga, moja baada ya nyingine, huku kichwa cha stendi kikigeuka kidogo kidogo sana. Lakini ufundi wenyewe uko kwenye mpangilio. Filamu inaanza mchana. Kamera inageuka kupita majengo, inafika mahali fulani, na pale pale, bila kusimama, ni usiku, majengo yamebaki michoro ya nukta za mwanga, na kamera inaendelea na mzunguko ule ule, upande ule ule. Macho yanaambiwa ni mgeuko mmoja. Kwa kweli ni safari mbili za kamera zenye giza la saa kadhaa katikati, zilizoshonwa kwa uangalifu hata usione uzi.

Kama tangazo, hii inashinda yote yaliyotangulia. Inafanya kile ambacho waandaaji walikifanya kila jioni kwa kuongeza mkondo pole pole: inamfanya mtazamaji ashuhudie mwanga ukizaliwa. Na ni uongo mdogo, wa kupendeza, usiomdhuru mtu.

Wiki mbili baadaye mshono huo huo ulifanya kazi nyingine.

Czolgosz alihukumiwa upesi. Kesi yake ilimalizika kwa siku mbili za Septemba. Aliuawa kwa kiti cha umeme Oktoba 29 katika gereza la Auburn, jimbo hilo hilo la New York. Hapa kuna uzi mwingine wa kushangaza kidogo. Wazo la kiti cha umeme lilitokana na daktari wa meno wa Buffalo, Alfred Southwick. Mtu wa kwanza kuuawa nacho, mwaka 1890, hapo hapo Auburn, alikuwa mkazi wa Buffalo. Na Edison, wakati wa vita vyake vya kibiashara juu ya aina za mkondo wa umeme, alikuwa miongoni mwa waliosukuma kiti hicho kitumie mkondo wa washindani wake. Mji uliojitangaza kwa mwanga ulikuwa na ukoo na kile kiti tangu zamani.

Kamera ya Edison ilikwenda Auburn. Ilichopata ni kuta. Kwa hiyo filamu inaanza hivi: siku ya mauaji, kamera nje ya gereza inageuka taratibu, kama ilivyogeuka Paris, kama ilivyogeuka mbele ya Temple of Music. Mabehewa ya treni yanapita, kuta zinafuata, miti isiyo na majani. Halafu picha inayeyuka, na tuko ndani. Askari wanamtoa mfungwa kwenye seli. Chumba kingine: fundi anapima kiti kwa kuweka juu yake ubao wa balbu, na balbu zinawaka. Ubao unaondolewa, mfungwa anafungwa mikanda, mkondo unapitishwa, mwili unakaza, mara tatu. Madaktari wanasikiliza kifua. Mkuu wa gereza anawageukia mashahidi.

Yote ya ndani yalipigwa studio New York, na waigizaji, mbele ya mapazia yaliyochorwa, kwa kufuata maelezo ya aliyeshuhudia.

Je, White na Porter walidanganya? Wapo wanaowatetea kwamba kuigiza habari lilikuwa jambo la kawaida. Ni kweli, vita vya 1898 kati ya Marekani na Hispania, na vita vya Waingereza na Makaburu kule Afrika Kusini baadaye, viliigizwa sana kwenye filamu, na watazamaji hawakuwa watoto. Pia ni kweli kwamba orodha ya kampuni ilisema wazi kuwa hiki ni kielelezo kilichofuata maelezo ya shahidi. Lakini orodha ilisomwa na mnunuzi. Aliyelipa kiingilio ukumbini alisikia kile mwenye ukumbi alichoamua kusema, na kama hakusema kitu, alichobaki nacho ni kuta halisi za Auburn zinazomwongoza moja kwa moja mpaka kwenye kiti. Kuta zile ndizo zilizompa yule mwigizaji cheti. Kampuni hata iliruhusu wanunuzi wachukue filamu ikiwa na mandhari ya gereza au bila mandhari, kama muuza nyama anayekuuliza unataka na mfupa au bila. Maana yake ilijua thamani ya zile kuta: zilikuwa bidhaa peke yake, na bei yake.

Hapo ndipo ninapoliona kosa, kama ni kosa, na ndiyo maana sikuanzia kwenye risasi. Huwezi kuielewa Auburn kwa kuwalaumu watu kwa uroho wa damu. Ielewe kwa kazi ya matangazo iliyotangulia. Mtu aliyetumwa kusifu mahali hujifunza kufuta mishono: kijiji cha barafu ya plasta kiwe Aktiki, mchana na usiku viwe pumzi moja. Kila ombi la namna hiyo ni dogo, na kila mteja anafurahi. Ujuzi ukishakomaa mkononi haumwulizi mwenyewe leo unatumika kwa nini. Porter wa Novemba alikuwa bora kuliko Porter wa Mei, na aliyemfikisha hapo ni Buffalo.

Ningependa kuona ungefanya nini wewe kwa kipande kile cha umati. Mimi ningekiuza kama kilivyo, peke yake, bila kitu kabla wala baada. Ndicho kipande pekee cha msimu ule kilichoshindwa kumpa mteja alichokuwa amelipia, na ndicho pekee kinachoonyesha jinsi mtu aliyesimama nje ya ukumbi alasiri ile alivyojua mambo: alisikia kelele, akaona migongo, akasukumwa.

Novemba 2, siku ya kufunga, wageni waligeuka waharibifu. Walivunja madirisha, waking'oa balbu kwenye nguzo na kuzipigiza chini. Majengo mengi, ya plasta na mbao, yalibomolewa muda si mrefu, na lililobaki mpaka leo kama jumba la kudumu ni lile la jimbo la New York, lenye makumbusho ya historia ya mji. Filamu ya Auburn ilisajiliwa kwa hakimiliki Novemba 9. Taa za mnara zilikuwa zimezimwa wiki nzima.